Filamu ya bajeti ndogo uipeleke wapi: king'amuzi, YouTube au tamasha?

Kamera hukodishwa. Taa hukodishwa, na mpiga picha mzuri hupatikana kwa malipo ya siku. Soko halikodishwi, na ndiyo maana inashangaza kuona wengi wetu, Dar kwa Nairobi, tunavyoifanya kazi hii kinyumenyume: tunashuti, tunahariri, tunatengeneza posta, kisha ndipo tunaanza kuulizana filamu iende wapi. Kufikia hapo uamuzi umeshafanyika wenyewe. Filamu ya dakika 100 haigeuki tamthilia ya sehemu 26 kwa kukatwakatwa, na wimbo uliopakuliwa mtandaoni bila ruhusa haupiti kwenye meza ya kituo cha televisheni.

Kwa hiyo haya ni ya kusomwa kabla ya siku ya kwanza ya kushuti. Nalinganisha njia tatu ambazo prodyuza mwenye fedha kidogo anaweza kuzifikia kweli: kuuza au kutengenezea kituo cha king'amuzi, kujenga chaneli ya YouTube, na kwenda na ruzuku na matamasha. Ninazipima kwa swali moja tu: ipi itakuwezesha kutengeneza filamu ya pili?

Swali hilo linatoka kwa prodyuza mmoja wa Marekani, Roger Corman, aliyefariki mwaka 2024 akiwa na miaka 98. Alisomea uhandisi Stanford, na mwaka 1954 akatengeneza filamu ya zimwi la baharini kwa fedha taslimu zinazokadiriwa dola 12,000. Watu hupenda kusimulia filamu yake ya mwaka 1960 ambayo sehemu kubwa ilishutiwa kwa siku mbili. Mimi huvutiwa zaidi na alichofanya na ile ya mbio za magari, mara tu baada ya zimwi. Kampuni kubwa ziliitaka, lakini alipiga hesabu akaona angesubiri muda mrefu hadi fedha yake irudi, na kila filamu ingekuwa na kusubiri kwake. Akaipeleka kwa kampuni changa isiyo na jina, kwa sharti kwamba impe malipo ya awali ya kutengenezea filamu zinazofuata. Kampuni hiyo ndiyo iliyokuja kujulikana kama American International Pictures, na Corman hakusimama tena. Waongozaji wakubwa kama Francis Ford Coppola, Martin Scorsese na James Cameron wote walipita mikononi mwake wakiwa bado vijana. Mwaka 1970 akaanzisha kampuni yake mwenyewe ya kutengeneza na kusambaza, New World Pictures, akawa hamngojei mtu.

Sasa turudi nyumbani.

King'amuzi

Kwa Tanzania, majina yanayotajwa kwanza ni Maisha Magic Bongo ya DStv na Sinema Zetu ya Azam. Kenya nao wana chaneli za Maisha Magic za kwao pamoja na vituo vya bure vinavyonunua vipindi. Ukisikia mtu anasema "nimepata dili na king'amuzi", muulize ni dili la aina gani, kwa sababu ziko mbili na hazifanani hata kidogo.

Ya kwanza ni leseni. Filamu umeshaitengeneza kwa fedha yako, kituo kinakulipa kiionyeshe kwa muda fulani, katika nchi fulani. Muda ukiisha, filamu ni yako, unaipeleka kwingine. Ya pili ni kazi ya kuagizwa: kituo kinatoa fedha ya kutengenezea, wewe unaajiri watu na kukabidhi kazi, na mali inakuwa ya kituo. Katika hiyo ya pili wewe ni mkandarasi. Hakuna aibu. Ukandarasi unalipa kodi ya nyumba, unakufundisha kukabidhi kazi kwa tarehe, na unaweka timu yako pamoja kwa miezi. Lakini usijidanganye kwamba unajenga maktaba ya filamu zako.

Tatizo huanza pale mkataba unapoitwa leseni huku ndani yake kuna sentensi inayosema haki zote, katika majukwaa yote, yaliyopo na yatakayobuniwa, kwa muda usio na kikomo. Hiyo si leseni tena, umeuza. Tuseme filamu imekugharimu shilingi milioni 12 za Tanzania. Mnunuzi mmoja anakupa milioni 13 achukue kila kitu; mwingine anakupa milioni 8 kwa miaka miwili, Tanzania na Kenya tu, televisheni tu. Prodyuza mwenye madeni atakimbilia 13. Lakini milioni 8 inakuachia haki ya kupeleka filamu ile ile YouTube, kwenye ndege, kwenye kituo cha Kongo, na tena televisheni baada ya miaka miwili. Kizazi cha CD kililijua hili kwa uchungu: wasanii waliuza haki zote kwa wasambazaji wa Kariakoo kwa malipo ya mara moja, filamu zikagawanywa sehemu ya kwanza na ya pili ili ziuzwe mara mbili, na leo kazi hizo zikiangaliwa na maelfu mtandaoni, wengi waliozitengeneza hawapati kitu.

Jambo la pili la kujua ni kwamba king'amuzi hakilipi siku unayomaliza kushuti. Kwa kawaida malipo huja kwa awamu: ukisaini, ukikabidhi, na kazi ikishapita ukaguzi wa kitaalamu. Awamu ya mwisho ndiyo inayoua watu. Ukaguzi unaangalia picha, lakini kinachoangusha filamu zetu mara nyingi ni sauti. Fikiria umekodi nyumba ya bibi mmoja Mbagala. Jenereta la jirani linaunguruma, muadhini anaadhini katikati ya ugomvi wa mume na mke, mvua inaanza kupiga bati, na bibi mwenyewe anachungulia mlangoni: "Wanangu, hivi mtamaliza saa ngapi? Nina wageni jioni." Mwongozaji anasema twende hivyo hivyo, tutarekebisha kwenye uhariri. Haitarekebishwa. Miezi mitatu baadaye kituo kinairudisha, unakodi studio kurekodi mazungumzo upya, na mwigizaji wako mkuu yuko Mwanza kwenye kazi nyingine. Ukitaka njia hii, fedha ya kwanza kutenga baada ya chakula ni ya mtu wa sauti. Baada ya yeye ndiyo kamera.

Na kuna hatari ambayo haimo kwenye mkataba: wanunuzi ni wachache. Mwaka 2025 MultiChoice, wenye DStv, walinunuliwa na Canal+ ya Ufaransa. Kampuni ikibadilisha wenye mali, inaweza kubadilisha pia inachonunua na kwa kiasi gani, na prodyuza mwenye mnunuzi mmoja husubiri tu simu.

YouTube

Hapa hakuna meneja wa kumwomba. Unapandisha kazi leo, watu wanaiona leo, na haki zinabaki zako. Kwa hilo pekee njia hii inastahili heshima kuliko inavyopewa na watu wa matamasha, ambao huiona kama gulio.

Masharti yanajulikana. Ili upate mgawo wa matangazo, chaneli ya video ndefu inahitaji watu 1,000 waliojiandikisha na saa 4,000 za kutazamwa ndani ya miezi 12. Ukishakubaliwa, unapata asilimia 55 ya mapato ya matangazo kwenye video ndefu. Fedha haitumwi mpaka ifike dola 100. Na ukae ukijua kwamba mapato yanayotokana na watazamaji walioko Marekani hukatwa kodi ya huko, ambayo inaweza kufika asilimia 30. Ndiyo maana mfumo unakudai fomu ya kodi ya Marekani hata kama hujawahi kupanda ndege. Usipoijaza, makato yanaweza kuwa makubwa zaidi.

Usichoambiwa ni kwamba mtazamaji hana bei moja. Matangazo kwa mtu aliyeko Ujerumani au Marekani hulipiwa zaidi kuliko kwa mtu aliyeko Tabora. Waswahili wa Muscat, London na Minneapolis wanaotazama tamthilia za nyumbani usiku wana uzito katika hesabu yako kuliko idadi yao. Chaneli nyingine zimelijua hilo, na hadithi zao zinaelekea huko: ndoa za mbali, fedha zinazotumwa na kuliwa na ndugu, nyumba inayojengwa bila mwenyewe kuwepo.

Lakini YouTube haitaki filamu, inataka mazoea. Filamu moja nzuri ya dakika 90 iliyokuchukua mwaka mzima itaonekana wiki mbili kisha itazama. Tamthilia yenye sehemu mpya kila Jumanne na Ijumaa, hata ikiwa ya kawaida, ndiyo inayolisha chaneli. Maana yake, prodyuza wa YouTube anaendesha kiwanda kidogo: waandishi wawili wanaotangulia kushuti kwa wiki kadhaa, nyumba mbili tatu zilizokubaliwa kwa muda mrefu, mhariri anayelala na kompyuta, na waigizaji ambao hawatatoroka. Hao wa mwisho ndio kichwa kinachouma. Mwigizaji anayelipwa posho ya nauli na chakula leo, sehemu ya kumi ikipata watazamaji nusu milioni kesho, atakuja na meneja, na hana kosa. Andikeni makubaliano mapema, mkitaja sehemu ngapi, malipo gani, na nini kitaongezeka kazi ikikua. Mtu asiye na mkataba anaweza kuondoka katikati ya hadithi ukalazimika kumuua mhusika kwa ajali ya bodaboda, na watazamaji wetu wameshazizoea ajali hizo.

Fedha halisi ya mwanzo mara nyingi haitoki kwenye matangazo ya YouTube. Inatoka kwa mwenye duka la magodoro anayetaka mhusika wako alalie godoro lake, saluni inayotaka bango lake lionekane, au kampuni ya simu kama umebahatika. Huu nao ni ufundi wa prodyuza: kujua kuuza sekunde 20 ndani ya hadithi bila hadithi kufa.

Wezi wapo. Sehemu mpya ikitoka saa mbili usiku, kabla ya saa nne kuna kurasa zimeshaipandisha upya. Na kinyume chake, ukiweka wimbo wa msanii bila makubaliano, mwenye haki anaweza kudai na mapato yote ya video yakaenda kwake. Kwa Tanzania angalia pia kanuni za maudhui ya mtandaoni za TCRA, mamlaka ya mawasiliano. Zilianza mwaka 2018 na zimebadilishwa zaidi ya mara moja, kwa hiyo ushauri wa rafiki aliyefungua chaneli miaka sita iliyopita si wa kutegemea.

Ruzuku na matamasha

Hii ndiyo njia yenye picha nzuri: zulia, kitambulisho shingoni, jina la nchi kwenye skrini. ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, imekuwepo Unguja tangu 1998, na kuonyesha filamu Ngome Kongwe mbele ya watu wa Mji Mkongwe ni kitu ambacho fedha hainunui. Nje kuna mifuko ya ruzuku kama Hubert Bals Fund ya Rotterdam na World Cinema Fund ya Berlin, soko la Durban FilmMart, na kwa makala za kweli kuna Docubox ya Nairobi.

Mashariki ya Afrika imepata kazi zake kubwa kwa njia hii. Nairobi Half Life ya mwaka 2012 ilitokana na ushirikiano wa watengenezaji wa Kenya na One Fine Day Films ya Ujerumani, ambayo iliambatanisha filamu na mafunzo kwa vijana wa kazi. Ikawa filamu ya kwanza ya Kenya kupelekwa kuwania Oscar. Vuta N'Kuvute, iliyotokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi, ilionyeshwa kwenye tamasha la Toronto mwaka 2021.

Kazi ya prodyuza hapa ni ya mezani kuliko ya seti. Unaandika muhtasari, maelezo ya mwongozaji, bajeti ya kurasa kadhaa, mpango wa fedha unaoonyesha nani atatoa nini. Mifuko mingine haikupi fedha mkononi bila mshirika wa kwao; World Cinema Fund, kwa mfano, inataka uwe na kampuni ya Ujerumani upande wako. Kumtafuta mshirika huyo kunachukua muda, kumwelewa kunachukua muda zaidi. Miaka mitatu toka skripti hadi onyesho la kwanza ni kawaida, na mishahara ya prodyuza ndiyo ya kwanza kupunguzwa bajeti ikibana.

Halafu kuna risiti. Fedha ya ruzuku inakaguliwa. Mkaguzi wa Ulaya anataka stakabadhi ya kila kitu, na wewe umelisha watu 25 kwa mama ntilie asiye na mashine ya risiti ya EFD, umelipa bajaji mbili kwa siku, na mzee wa mtaa amepewa "soda". Wanaofanikiwa huwa na daftari la malipo: jina, kazi, kiasi, namba ya simu, saini, siku hiyo hiyo jioni. Prodyuza anayeona daftari hilo ni usumbufu asiende njia hii, kwa sababu mfuko ukikuona mchafu wa hesabu mara moja, mlango wa pili unafungwa.

Kuna na suala la nyumbani. Filamu inaweza kushangiliwa ugenini ikazuiwa kwenu. Filamu ya Rafiki, ya Mkenya Wanuri Kahiu, ilichaguliwa kwenye tamasha la Cannes mwaka 2018, na mwaka huo huo bodi ya filamu ya Kenya ikaipiga marufuku kwa sababu ya hadithi yake ya mapenzi ya wasichana wawili. Mahakama Kuu iliondoa marufuku kwa siku saba tu, Septemba, ili itimize masharti ya kuwania Oscar. Vyovyote unavyoiona hadithi yenyewe, prodyuza anapaswa kuingiza kwenye hesabu kwamba soko la nyumbani linaweza kufungwa kabisa.

Na tafadhali, zile hadithi za filamu ya dola 7,000 tuziweke mahali pake. Ni kweli mwongozaji wa Marekani, Robert Rodriguez, alishuti filamu yake ya kwanza ndefu kwa kiasi kinachokaribia hicho, sehemu yake akiipata kwa kujitolea kwenye majaribio ya dawa. Ila aliitengeneza akilenga soko la video la Kihispania. Kampuni kubwa ilipoinunua, ilitumia fedha nyingi kuliko hizo kuisafisha sauti na kuiandaa kwa kumbi. Ile dola 7,000 ilikuwa bei ya kuileta mezani.

Zikiwekwa pamoja

Kwa fedha, king'amuzi kinalipa kiasi unachokijua kwa tarehe unayoweza kuikisia. YouTube inalipa kidogo kidogo bila tarehe, na inaweza kulipa kwa miaka. Ruzuku inalipa kabla hujashuti, jambo ambalo, ukiacha kazi ya kuagizwa, njia nyingine karibu hazifanyi, lakini ikishaisha imeisha, na mauzo baada ya tamasha ni ya bahati.

Kwa haki, YouTube inashinda bila ubishi. Ruzuku inafuata, mradi umesoma mgawanyo wa umiliki na mshirika wa nje. Usije ukaona una asilimia 30 ya hadithi ya mtaa wako. King'amuzi kinategemea ujasiri wako siku ya kusaini.

Kwa jina, ni mchanganyiko. Tamasha hukujulisha kwa watu 50 wanaotoa fedha. YouTube hukujulisha kwa watu laki tano wasiotoa. Wanaokwenda Netflix wakidhani watatuma kiungo kwa barua pepe wajue kampuni hiyo haipokei kazi isiyoombwa. Kazi hupitia kwa wakala au kampuni ambayo Netflix inaijua, na watu hao utakutana nao zaidi kwenye matamasha na vituo vikubwa kuliko kwenye chaneli yako.

Kumbi za sinema, kwa bajeti hii, ni tangazo. Ziko chache, ndani ya maduka makubwa ya mjini, tiketi unagawana na ukumbi, na Ijumaa inayofuata inaingia filamu ya Marekani. Onyesha siku moja, alika waandishi, piga picha, ondoka. Na wale wanaopenda mfano wa Wakaliwood, studio ya filamu ya mtaani Kampala, ambako Isaac Nabwana na watu wake walikuwa wakiuza DVD zao mkono kwa mkono, waige ile nguvu ya timu moja isiyosambaratika. DVD zenyewe zimepitwa.

Ushauri wangu, kama una akiba yako mwenyewe na hujawahi kukabidhi kazi kwa mtu: anza na kazi ya kuagizwa ya king'amuzi, hata ukiwa msaidizi wa prodyuza mwingine, ujifunze ukaguzi na ratiba kwa fedha ya watu. Kama tayari una kikundi cha waigizaji mnaoaminiana na mwandishi asiyeishiwa, nenda YouTube na uvumilie mwaka bila faida. Ruzuku ni ya mwenye skripti moja anayoweza kuisukuma miaka mitatu huku akila kwa kazi nyingine: harusi, matangazo, video za taasisi. Mtu wa aina hiyo akilazimishwa kutoa sehemu mbili kwa wiki atachoka mapema, na mtu wa YouTube akipewa fomu ya Rotterdam atalala juu yake.

Kuhusu mkopo, njia unayochagua ndiyo iamue. Mfuko wa Utamaduni na Sanaa unakopesha wasanii Tanzania, na benki nazo hazikosi bidhaa. Ila mkopo una tarehe ya marejesho kila mwezi. Mkataba wa king'amuzi uliosainiwa, wenye awamu zilizoandikwa, unaweza kuubeba mkopo huo ukiongeza miezi mitatu ya ucheleweshaji kwenye hesabu. Chaneli ambayo bado haijafika saa 4,000 haiwezi, na barua ya tamasha inayosema filamu yako "inafikiriwa" haiwezi pia.